DU CHISIZA MDOGO, MWIGIZAJI WA MALAWI (1963–1999)



Katika toleo hili la kumbukumbu tumeona vema kumkumbuka mtu wa nchi hii iliyotupokea. Kambini mwetu maigizo hayakosi, kwa Wakongo, Warundi na Wanyarwanda. Lakini wengi wetu hatumjui mwigizaji aliyelipa jukwaa la Malawi jina kubwa.

Dunduzu Chisiza Mdogo alizaliwa mwaka 1963. Baba yake, ambaye pia aliitwa Dunduzu, alikuwa kati ya vijana waliopigania uhuru wa Nyasaland. Mwaka 1959 wakoloni walimfunga huko Gwelo pamoja na Dk. Hastings Banda. Septemba 1962 alikufa katika ajali ya gari. Mtoto hakumwona baba yake. Alirithi jina tu.

Jina lenyewe lilikuwa mzigo. Baba yake mkubwa, Yatuta Chisiza, alikuwa waziri. Mwaka 1964 mawaziri walipokosana na Banda, yeye akakimbilia Tanzania. Mwaka 1967 alirudi na wapiganaji wachache, akauawa. Tusisahau basi kwamba Wamalawi nao waliwahi kuwa wakimbizi.

Du alisoma Marekani, akarudi nyumbani kuendesha kundi lake, Wakhumbata Ensemble Theatre. Alitunga, akaongoza, na kupanda jukwaani mwenyewe. Michezo yake ilikuwa ya Kiingereza, na watu walilipa kiingilio kuitazama. Wakati huo maigizo kwa wengi yalikuwa kazi ya shule na chuo kikuu. Yeye aliyafanya kazi ya mtu kuishi nayo.

Haikuwa rahisi. Kwa sheria ya mwaka 1968, mchezo ulipaswa kupita kwanza mbele ya bodi ya udhibiti. Na hapa Dzaleka tunapolala leo palikuwa gereza la wafungwa wa siasa, wengi wao wakiwekwa ndani bila kesi. Neno moja lilitosha kumleta mtu hapa. Katika nchi ya namna hiyo, mwigizaji husema kwa kinywa cha mhusika yale ambayo jirani hathubutu kuyasema kwa kinywa chake.

Mwaka 1994 mambo yaligeuka. Banda alishindwa katika uchaguzi wa Mei, na mwaka uo huo Dzaleka ikawa kambi ya wakimbizi. Du naye aliingia katika serikali mpya ya Bakili Muluzi, akawa waziri wa vijana, michezo na utamaduni. Hata hivyo cheo hakikumwondoa katika sanaa. Baadaye alirudi kwenye jukwaa lake. Alifariki Februari 1999, akiwa na miaka 35 tu.

Kwa nini basi anasomwa hata sasa? Kwa sababu aliandika. Michezo kama Papa's Empire, De Summer Blow na Democracy Boulevard aliitia vitabuni, na kundi lake lenyewe likavitoa.

Ndugu zetu wasanii, hapa ndipo tunapowaomba mtusikilize. Mwaka 2014 tamasha la Tumaini lilipoanza hapa kambini, watu wa Lilongwe walianza kuja Dzaleka kututazama sisi. Ni heshima kubwa. Lakini tumeona mara nyingi: mwigizaji hodari anapata safari ya kwenda nchi ya tatu, tunamsindikiza kwa machozi, na mchezo wake unaondoka naye, kwa kuwa ulikuwa kichwani tu. Waliobaki wanaanza upya.

Tunaomba kila kundi liandike michezo yake, iwe kwa Kiswahili, Kirundi, Kinyarwanda au Kifaransa, hata katika daftari la shule, na kuacha nakala moja kwa kamati. Watumishi wa mashirika, daftari na kalamu ni msaada mdogo, tusaidieni. Du Chisiza aliishi miaka michache, lakini kazi yake haikuzikwa pamoja naye. Na ya kwetu isipotee njiani.

Kamati ya Jamii, Dzaleka