Makarani wa Nara

Huko Ujapani kuandika si kazi ya ofisini tu. Ufundi huo huitwa shodo, maana yake njia ya mwandiko. Mwanafunzi hukaa kimya, husugua kipande cha wino mkavu juu ya jiwe lenye maji kidogo, na moyo ukiisha kutulia hushika brashi ya manyoya. Karatasi hunywa wino papo hapo, wala mstari haurudiwi. Mwenye haraka au hasira hujulikana katika herufi zake.

Herufi zenyewe zilitoka Uchina, na dini ya Buda ndiyo iliyozieneza sana. Mji wa Nara ulikuwa makao ya mfalme toka mwaka 710. Miaka ya 735 hadi 737 ndui iliua watu wengi mno. Malkia Komyo alifiwa na ndugu wanne wa baba mmoja naye, wote mwaka 737. Malkia huyo aliamuru vitabu vya Buda vinakiliwe, na nadhiri yake ya mwaka 740, iliyoandikwa mwishoni mwa vitabu hivyo, yawataja wazazi wake marehemu. Kazi ile ilifikia makunjo ya karatasi kama 7,000. Yeye mwenyewe alikuwa na mwandiko wa nguvu: kitabu alichokinakili mwaka 744 kingali katika ghala ya Shosoin.

Lakini makunjo 7,000 hayaandikwi na malkia. Palikuwa na ofisi ya makarani. Walivaa nguo safi za kazi, kwa kuwa maneno yale yalihesabiwa matakatifu, wakaandika herufi 17 kwa kila mstari, wakalipwa kwa kadiri ya kurasa. Wasahihishaji walifuata nyuma yao, na karani aliyekosea alikatwa malipo; kuruka mstari mzima kulimgharimu zaidi kuliko kukosa herufi moja.

Bahati njema, hata karatasi chakavu za ofisi ile zilihifadhiwa. Kati yake imo rasimu ya ombi la makarani. Wanataka nguo mpya, maana zile za zamani zanuka hata zikifuliwa. Wanataka siku tano za mapumziko kila mwezi, chakula bora, na pombe ya mchele kila siku ya tatu, kwa sababu kuketi mezani kutwa kwawaumiza kifua na kufisha miguu ganzi. Wako wanaocheka wakisoma hayo. Mimi sicheki. Mkono uliotulia hivyo katika herufi ulikuwa wa mtu mwenye njaa na maumivu, na herufi hazikupotoka.

Desturi haikufa. Hekalu la Yakushi-ji, papo hapo Nara, lilipoteza jumba lake kuu kwa moto mwaka 1528. Mwaka 1968 mkuu wake, Takada Koin, aliwaomba watu wanakili kitabu kifupi cha sala kwa brashi na kutoa sadaka kwa kila nakala. Zilipatikana zaidi ya milioni moja, na jumba jipya likakamilika mwaka 1976. Makarani wa kale walilipwa ili waandike, hawa walilipa. Nakala zao zimehifadhiwa hekaluni.