Saini ya Robert Morris

Mwanzoni mwa Septemba 1781, wanajeshi wa George Washington, waliokuwa wakipigania uhuru wa Marekani dhidi ya Waingereza, waliwasili Head of Elk, kaskazini mwa Maryland, wakiwa njiani kwenda Yorktown. Wengi walikuwa hawajalipwa kwa muda mrefu, na noti za Kongresi, bunge la Marekani, zilikuwa zimeporomoka thamani hata wenye maduka hawakutaka kuzigusa. Wakadai mshahara wa mwezi mmoja, tena kwa sarafu za fedha. Fedha zilipofika, mapipa yalifunguliwa mbele yao na sarafu zikamwagwa ili kila mtu ajionee kwa macho yake. Safari ikaendelea, na tarehe 19 Oktoba jeshi la Waingereza lililozingirwa Yorktown likasalimu amri.

Fedha hizo, takriban dola 20,000, zilikopwa kwa Wafaransa. Aliyewaomba, na kuwaahidi kuzirudisha, ni Robert Morris, mfanyabiashara wa Philadelphia aliyeteuliwa mwaka huohuo kuwa Msimamizi wa Fedha wa Marekani. Hazina aliyokabidhiwa ilikuwa tupu, lakini jina lake liliaminika kuliko jina la nchi yake. Akaanza kutoa hati za malipo zenye saini yake mwenyewe, na watu wakazipokea. Walizipa hata jina: Bob ndefu na Bob fupi, kulingana na muda wa kusubiri kulipwa.

Morris alizaliwa Liverpool mwaka 1734, akavuka bahari akiwa kijana wa miaka 13 kumfuata baba yake, wakala wa tumbaku mjini Oxford, Maryland. Mwaka 1750 meli moja ilipiga mzinga wa kumpa baba huyo heshima. Kizibo cha mzinga kikamjeruhi, jeraha likaoza, akafa. Kijana alikuwa tayari Philadelphia, akijifunza kazi katika ofisi ya tajiri Charles Willing. Ilipofika 1757 alikuwa mshirika wa Thomas, mtoto wa tajiri huyo. Meli zao zilibeba unga, mbao na tumbaku, na zilirudi na bidhaa za Ulaya na Karibi. Katika miaka ya 1760 waliuza pia binadamu. Kampuni ya Willing na Morris ilishiriki kuleta na kuuza Waafrika waliotekwa, na faida hiyo ni sehemu ya mtaji wa mtu ambaye baadaye alitia saini Azimio la Uhuru. Hilo haliwezi kuachwa nje ya habari zake.

Aliingia Baraza la Kutunga Sheria la Pennsylvania mwaka 1775, na muda mfupi baadaye akapelekwa kwenye Kongresi. Kura ya uhuru ilipopigwa Julai 1776 hakuiunga mkono. Aliona wakati haujafika. Mwezi uliofuata akatia saini. Desemba ya mwaka huo, Kongresi ilipokimbilia Baltimore, yeye alibaki Philadelphia. Washington alimwandikia akitaka sarafu za kuwalipa wapelelezi, naye akakusanya alichopata: dola 410 za Hispania, pamoja na sarafu za Uingereza na Ufaransa. Baada ya siku chache akatuma dola 50,000 za karatasi kwa ajili ya askari waliokubali kuendelea na vita.

Sifa hizo zilikuwa na upande wa pili. Morris alikaa kwenye kamati iliyonunua baruti na bidhaa za vita, na kampuni yake ilipewa mikataba na kamati hiyohiyo. Mwaka 1779, bei za vyakula zilipopaa, wananchi wa Philadelphia walimchunguza kwa tuhuma za kuficha shehena ili kupandisha bei. Hakupatikana na hatia, lakini hasira haikutulia. Tarehe 4 Oktoba wanamgambo waliishambulia nyumba ya mwanasheria James Wilson, Morris akiwa ndani. Watu kadhaa waliuawa.

Mjadala mkali kuliko yote ulikuja baada ya vita. Morris alikuwa ameanzisha Benki ya Amerika Kaskazini, iliyofungua milango Januari 1782, mshirika wake wa zamani Thomas Willing akiwa rais wake. Mwaka 1785 Baraza la Pennsylvania liliifutia kibali. Morris akagombea tena kiti cha Baraza, akashinda, na katika majira ya machipuko ya 1786 akasimama kuitetea. Aliyemkabili ni William Findley, mhamiaji kutoka Ireland, mfumaji kwa kazi yake, mwakilishi wa Westmoreland huko magharibi. Wakulima wa Findley walihitaji mikopo ya miaka. Benki ilikopesha wafanyabiashara kwa wiki chache. Lakini hoja yake iliyouma ilimhusu Morris mwenyewe. Mtu mwenye hisa katika benki ana haki ya kuitetea, alisema, ila akiri kwamba anatetea mali yake, asijifanye hakimu asiyeegemea upande. Morris, aliyezoea kuonekana mwokozi wa nchi, alijibu kwa uchungu. Hoja ya kuirudishia benki kibali ilishindwa mwaka huo, ikarudishiwa mwaka 1787 kwa masharti makali zaidi. Ukisoma mjadala huo leo, Findley anaonekana kuona mbali kuliko mpinzani wake. Katika maisha ya Morris, mfuko wa umma na mfuko wake haikuwahi kutenganishwa sawasawa.

Wakati huohuo nyota yake ilikuwa ikipanda. Mwaka 1784 alikuwa mwekezaji mkuu katika Empress of China, meli ya kwanza ya Marekani kwenda kufanya biashara Canton. Akasaini Katiba ya Marekani, akawa seneta kuanzia 1789, na Washington akiwa rais akaishi katika nyumba aliyompangisha Philadelphia.

Kilichomwangusha ni ardhi. Pamoja na wafanyabiashara wenzake John Nicholson na James Greenleaf alinunua viwanja 6,000 katika mji mkuu mpya wa Washington, kisha mwaka 1795 wakaunda kampuni yenye ekari milioni 6 katika majimbo kadhaa. Walinunua kwa mkopo wakitarajia wahamiaji na wateja kutoka Ulaya, lakini Ulaya ilikuwa vitani na mitaji haikuja. Morris na Nicholson wakaanza kudhaminiana, kila mmoja akisaini hati za mwenzake, mamilioni ya dola, hadi hati hizo zikauzwa kwa senti chache kwa kila dola. Septemba 1797, Waseneca, watu wa asili wa eneo hilo, walipoketi Big Tree kumwuzia sehemu kubwa ya ardhi yao ya magharibi mwa New York kwa dola 100,000, Morris hakuweza kwenda. Alimtuma mwanawe Thomas, kwa kuwa angetoka nje wadai wangemkamata.

Walimpata Februari 1798. Alikaa katika gereza la wadaiwa la Prune Street zaidi ya miaka mitatu, homa ya manjano ikipita mjini na kuua wafungwa wenzake. Washington alikuja kula naye chakula humo gerezani. Nicholson alifia kifungoni mwaka 1800. Morris aliachiwa Agosti 1801 chini ya sheria mpya ya ufilisi, akiwa na madeni ya karibu dola milioni 3 yasiyolipika. Sheria hiyo ilifutwa mwaka 1803.

Miaka mitano iliyobaki aliishi kwa pesa za mkewe, Mary. Gouverneur Morris, aliyekuwa msaidizi wake Hazina na ambaye hakuwa ndugu yake, aliibana kampuni ya Waholanzi iliyonunua ardhi ya New York kutoka kwa Robert: ilihitaji Mary aachie haki zake za mke katika ardhi hiyo, na Gouverneur akakataa ziachiwe bure. Wakakubaliana Mary alipwe dola 1,500 kila mwaka maisha yake yote. Robert alifariki Mei 1806. Mary aliishi hadi 1827.