Kombe la Santosh na Mwaka wa Kerala

Katika michezo iliyoletwa Bara Hindi na Waingereza, kriketi ndiyo iliyopata sifa nyingi na kuandikiwa vitabu vingi. Lakini mpira wa miguu ndio ulioingia katika vichochoro vya Calcutta, katika viwanja vya mchanga vya Malabari na katika kambi za askari, ukajipatia wapenzi wasiokuwa na viatu wala nauli. Kombe la Santosh, linaloshindaniwa na majimbo ya India, ni mali ya wapenzi hao. Na katika misimu yake yote ni michache iliyobeba mambo mengi kama ule wa mwaka 1973, ambao fainali yake ilichezwa mjini Ernakulam, katika jimbo la Kerala, tarehe 27 Desemba.

Yafaa kwanza kujua Kombe lenyewe lilitoka wapi. Santosh ni mahali katika Bengal ya mashariki, karibu na Tangail, na Sir Manmatha Nath Roy Chowdhury, aliyeitwa Maharaja wa Santosh, alikuwa kabaila mwenye mashamba huko na pia rais wa chama cha mpira cha Calcutta. Alifariki mwaka 1939. Chama chake kikatoa kombe la kumkumbuka, na mashindano ya kwanza yakafanyika mwaka 1941, Bengal ikaifunga Delhi magoli 5 kwa 1. Ni jambo la ajabu kidogo kwamba kombe hili, ambalo limekuwa alama ya umoja wa India, lina jina la mahali ambapo tangu mwaka 1947 si India tena: Santosh ikaangukia Pakistan, kisha mwaka 1971 ikawa Bangladesh. Wachezaji wengi walilitwaa bila kuwahi kuuona mji ulioipa fedha ile jina.

Bengal iliyolitoa ndiyo iliyolizoea zaidi. Mpaka mwisho wa mwaka 1973 ilikuwa imekwisha kulichukua mara nyingi kuliko timu nyingine yoyote, na msimu ule ilikuja ikiwa bingwa wa miaka miwili mfululizo. Mysore, Hyderabad, Bombay, Punjab, na hata timu mbili zisizokuwa na jimbo lolote, yaani Reli na Majeshi, zote zilikuwa zimelionja. Kerala haikuwa imelionja hata mara moja.

Kwa mtu asiyewajua Wamalayali hili halina uzito. Kwa mwenye kuwajua lilikuwa fumbo. Kerala ni ukanda mwembamba wa minazi na maji kati ya milima na bahari, nchi ambayo mabaharia wa Kiswahili waliifahamu tangu kale kwa jina la Malabari, kwa pilipili manga yake na misaji iliyoundiwa majahazi. Mpira ulipendwa huko kupita kiasi. Upande wa kaskazini, kuanzia Kozhikode hadi Kannur, mashindano ya vijijini yalivuta umati ambao miji mikubwa ingeuonea wivu. Tena wachezaji hawakukosekana. Thomas Varghese wa Thiruvalla, aliyejulikana kwa jina la Pappan, aliichezea India katika Olimpiki ya London ya mwaka 1948. Saleh wa Kottayam alikwenda Helsinki mwaka 1952. Abdul Rahman wa Kozhikode alikuwa Melbourne mwaka 1956, India iliposhika nafasi ya nne. O. Chandrasekhar wa Irinjalakuda alicheza Roma mwaka 1960, na miaka miwili baadaye akavaa medali ya dhahabu ya Michezo ya Asia mjini Jakarta. Nchi yenye watoto kama hawa ilikosaje kombe la nyumbani?

Jibu limo katika historia ya nchi yenyewe. Kombe lilipoanza mwaka 1941 hapakuwa na Kerala. Wasemaji wa Kimalayalam walikuwa wamegawanyika mafungu matatu: Travancore chini ya mfalme wake, Cochin chini ya mfalme wake, na Malabari chini ya Waingereza, ikitawaliwa kutoka Madras. Falme mbili zile ziliunganishwa mwaka 1949, na tarehe 1 Novemba 1956, serikali ya India ilipoyapanga upya majimbo kwa kufuata lugha, Malabari ikaongezwa, ikazaliwa Kerala. Jimbo likawa moja kwa sheria. Lakini sheria haiwezi kumfanya beki wa Kannur amwamini kipa wa Trivandrum kwa siku moja.

Sababu ya pili ilikuwa nzito zaidi, nayo ni riziki. Mpira wa India katika miaka ile ulihesabiwa kuwa mchezo wa ridhaa. Mchezaji hakulipwa kwa kucheza, alipewa kazi. Kampuni, benki, polisi au reli ilimwandika kuwa karani au fundi, ikampa mshahara wa mwezi na saa za mazoezi, naye akaichezea. Basi mchezaji alifuata kazi ilipo, na kazi nzuri zilikuwa Bombay na Calcutta. Pappan alichezea timu ya Tata mjini Bombay. Saleh alichezea East Bengal, na Rahman Mohun Bagan, vilabu viwili vikubwa vya Calcutta. Chandrasekhar alichezea Caltex ya Bombay. Na kwa kuwa mtu aliwakilisha jimbo alikofanya kazi, siyo alikozaliwa, Wamalayali hawa waliongeza nguvu za majimbo ya wengine. Maharashtra ilipolitwaa Kombe la Santosh katika msimu wa 1963-64, Chandrasekhar alikuwamo kikosini. Mwana wa Kerala alikuwa amekwisha kulishika kombe, miaka kumi kabla ya Kerala, akiwa amevaa jezi isiyo yake.

Mageuzi yaliletwa na viwanda. Kando ya mto Periyar, karibu na Ernakulam, kiwanda cha mbolea cha FACT kilikuwa kimeanzishwa katika miaka ya 1940. Karibu nacho, Kalamassery, kikaja kiwanda cha matairi cha Premier. Viwanda hivi vilikuwa na timu, na timu zilikuwa na nafasi za kazi. Kwa mara ya kwanza kijana wa Kimalayali mwenye miguu mizuri aliweza kubaki karibu na mama yake na bado akala mshahara. Wanahistoria wa siasa hupenda kueleza ushindi wa Kerala kwa moyo wa umoja wa Wamalayali. Moyo huo ulikuwapo, hapana shaka, lakini ulikuwapo pia mwaka 1956 na mwaka 1960. Kilichokuwa hakipo ni orodha ya mishahara. Maelezo haya hayana utamu wa yale mengine, ila ndiyo yanayoeleza kwa nini ushindi ulikuja ulipokuja.

Timu ya mwaka 1973 iliongozwa na T. K. S. Mani, mwenyeji wa Kannur aliyekuwa mchezaji wa FACT. Msaidizi wake alikuwa T. A. Jaffar wa Kochi, kutoka Premier, na mwalimu wao alikuwa Simon Sundararaj, Mtamil wa Thanjavur. Sundararaj alikuwa amecheza Roma mwaka 1960, naye ndiye aliyefunga goli la India katika mechi na Peru iliyokwisha 3 kwa 1. Goli lile limebaki kuwa la mwisho la India katika Olimpiki, kwani tangu Roma timu ya India haijafuzu tena. Basi mtu aliyefunga ukurasa mmoja wa mpira wa India bila kujua ndiye aliyekuja kufungua mwingine Kerala, naye hata Kimalayalam hakikuwa lugha ya mama yake. Wanaopenda kuhesabu damu katika ushindi wa jimbo wakumbuke hilo.

Fainali ilichezwa katika uwanja wa Chuo cha Maharaja, kilicho katikati ya Ernakulam. Uwanja ule ni wa chuo kweli, siyo jina tu. Waliokosa nafasi waliisikiliza redio, kwa maana televisheni ilikuwa bado haijafika Kerala. Upande wa pili ulikuwa Reli. Pengine bahati isingeweza kuchagua mpinzani mwenye maana zaidi. Reli ya India iliajiri watu kutoka kila pembe ya nchi, ikiwahamisha kama mabehewa; timu yake haikuwa na ardhi, haikuwa na lugha, haikuwa na mashabiki waliozaliwa nayo. Ilikuwa na kazi tu za kutoa, na kwa kazi hizo ilikuwa imelitwaa Kombe mara tatu katika miaka ya 1960. Kwa hiyo siku ile jimbo lililotengenezwa kwa lugha lilikutana na timu iliyotengenezwa kwa ajira, na jimbo lenyewe likisimama juu ya ajira ya viwanda vyake.

Kerala ikashinda magoli 3 kwa 2. Magoli yote matatu yalifungwa na Mani, nahodha, na tangu siku hiyo jina lake likawa Nahodha Mani, kama kwamba alizaliwa nalo. Alikwenda nalo mpaka alipofariki mwaka 2017. Serikali ya Waziri Mkuu wa jimbo, C. Achutha Menon, ikatangaza siku iliyofuata kuwa ya mapumziko. Katika jimbo ambalo vyama vya siasa vilikuwa havipatani hata juu ya kufungua daraja, hakuna aliyelalamikia sikukuu ile.

Lakini siku nne tu kabla ya fainali, yaani tarehe 23 Desemba 1973, jambo jingine lilikuwa limetangazwa mjini Tehran, ambalo pengine halikushughulisha mtu Ernakulam. Nchi za Ghuba zilipandisha bei ya mafuta zaidi ya mara mbili. Fedha zile zikajenga barabara, bandari na miji mipya katika jangwa, nayo miji ikahitaji mikono, na mikono ikatoka Kerala kwa maelfu na kisha kwa malaki. Kijana ambaye viwanda vya Periyar vilikuwa vimemzuia asiende Bombay akaanza kutazama Dubai, Muscat na Riyadh. Hawa hawakwenda kuchezea majimbo ya wengine. Walikwenda kupaka rangi na kupanga matofali, wakajiundia timu zao siku za Ijumaa.

Kombe halikurudi Kerala upesi. Mwaka uliofuata Punjab iliifunga Bengal magoli 6 kwa 0 katika fainali. Kerala ilingoja hadi mwisho wa miaka ya 1980 ndipo ikafika fainali nne mfululizo, toka msimu wa 1987-88 hadi ule wa 1990-91, ikashindwa zote nne. Katika msimu wa 1991-92 ililitwaa mjini Coimbatore kwa kuifunga Goa 3 kwa 0, na msimu uliofuata ikalitwaa tena, nyumbani. Mwalimu wake alikuwa Jaffar, yule msaidizi wa nahodha wa mwaka 1973. Wachezaji safari hii hawakutoka katika viwanda. Wengi walikuwa askari polisi, kwa sababu Polisi wa Kerala walikuwa wameunda timu na kuchukua mahali pa mbolea na matairi. Mwajiri alibadilika, mwendo ukawa ule ule.

Kerala ilishinda kwa mara ya saba tarehe 2 Mei 2022 mjini Manjeri, ikiifunga West Bengal kwa penalti baada ya sare ya 1 kwa 1. Msimu uliofuata, kwa mara ya kwanza, nusu fainali na fainali zilipelekwa nje ya India. Zilichezwa Riyadh, mwezi Machi 2023, katika mji ambao Wamalayali wanaofanya kazi ni wengi kuliko watu wa jimbo lolote jingine waliokuwa wakishindana siku ile. Karnataka iliifunga Meghalaya 3 kwa 2 na kulipata Kombe ililokuwa imelikosa tangu ilipoitwa Mysore, katika msimu wa 1968-69. Kerala haikuwapo uwanjani. Ilikuwa imekwisha kutolewa mwezi Februari, huko Bhubaneswar.