Roohi Bano na Kamera Mbili

Wiki hii nawaomba twende hadi Lahore, kule Pakistani, tukamtazame mwanamke mmoja aliyeitwa Roohi Bano. Najua wapo watakaouliza: huyo ni nani, naye anatuhusu nini? Ni swali la haki. Jibu langu ni kwamba mimi ninakula kwa kipaza sauti, na habari ya mama huyu inamgusa kila mtu anayeshika kipaza sauti au kamera na kumwelekezea mwenzake.

Alizaliwa Karachi mwaka 1951, miaka minne baada ya Bara Hindi kugawanywa kuwa nchi mbili. Baba yake alikuwa Ustad Alla Rakha, bingwa wa tabla aliyezunguka dunia pamoja na mpiga sitari Ravi Shankar. Wapenzi wa taarabu wa mwambao wanaijua tabla, na wanajua jinsi inavyoweza kusema. Ustad aliishi Bombay na familia yake ya kwanza. Roohi alikuwa mtoto wa mke wa pili, akakulia Pakistani. Mwaka huohuo wa 1951, kule Bombay, alizaliwa ndugu yake kwa baba, Zakir Hussain, ambaye naye alirithi tabla na kuwa maarufu kuliko baba. Watoto wawili wa baba mmoja, wa umri mmoja, na mpaka wa nchi umepita katikati yao. Zakir alifariki Desemba 2024, mwaka uleule aliopata tuzo tatu za Grammy katika usiku mmoja. Dada yake alikuwa amekwisha tangulia.

Roohi hakuingia katika sanaa kwa kukosa la kufanya. Alisoma saikolojia, yaani elimu ya nafsi na akili ya binadamu, katika Government College ya Lahore, hadi shahada ya pili. Televisheni ilimkuta hukohuko.

Na hapa lazima niieleze televisheni yenyewe, maana bila hivyo hatutaelewana. Pakistani ilianza kurusha picha Novemba 1964, mjini Lahore. Kwa miaka mingi palikuwa na shirika moja tu, la serikali, PTV, na watu walitazama kitu kimoja jioni moja. Sinema za nchi hiyo nazo zilikuwa zimeanza kuteleza kuelekea kwenye mapanga na vishindo, hasa baada ya filamu ya Maula Jatt ya mwaka 1979, na familia nyingi zenye kisomo ziliacha kwenda sinema, zikabaki nyumbani mbele ya televisheni. Basi michezo ya PTV ikapata kitu ambacho fedha haiwezi kununua: waandishi wa kweli. Ashfaq Ahmed na mkewe Bano Qudsia kule Lahore, Haseena Moin kule Karachi, watu waliokuwa na majina yao katika fasihi au redio, ndio waliokaa kuandika mazungumzo ya wale waigizaji. Studio zilikuwa ndogo, mapambo kidogo, kamera zikisogea karibu na uso kwa sababu hapakuwa na kingine cha kuonyesha. Mwigizaji alisimama na uso wake na sauti yake. Asiyekuwa navyo alionekana mara moja.

Roohi alikuwa navyo. Mwaka 1973 aliigiza katika Kiran Kahani, mchezo wa mfululizo wa Haseena Moin. Baadaye ikaja michezo ya Ashfaq Ahmed, na Zard Gulab, na Darwaza, na mingine mingi. Watu walimpenda zaidi katika nafasi za huzuni: mwanamke aliyenyamazishwa, mke asiyesikilizwa, mtu ambaye jambo limemkaa kooni. Hakupaza sauti. Wengine wakilia kwa kujipiga vifua, yeye aliliweka neno mdomoni kwanza, akalitazama, ndipo akalitoa. Pamoja na Uzma Gillani na Khalida Riyasat, huyu wa mwisho akifariki kwa saratani mwaka 1996 akiwa na miaka 43 tu, aliweka kipimo ambacho waigizaji wa kike wa Pakistani wanapimwa nacho mpaka leo.

Halafu, Julai 1977, Jenerali Zia-ul-Haq akachukua nchi. Wanawake wa televisheni wakaamriwa kufunika kichwa kwa mtandio. Mtangazaji mmoja, Mehtab Rashdi, alikataa, akapoteza kipindi chake. Waigizaji nao waliigiza hata wamelala kitandani, mtandio kichwani, jambo ambalo watazamaji walilicheka sebuleni kimyakimya. Ni serikali hiyohiyo iliyompa Roohi Bano nishani ya Pride of Performance mwaka 1981. Sioni kinyume chochote hapo. Wakubwa wa kila nchi wanajua kumvalisha msanii nishani kwa mkono mmoja na kumfunga mdomo kwa mkono wa pili.

Nishani, hata hivyo, si mshahara. Waigizaji wa wakati ule walilipwa kwa kila mchezo. Ukicheza unakula, usipocheza shauri yako.

Naye akaacha kucheza. Roohi aliugua skizofrenia, ugonjwa wa akili unaomchanganya mtu baina ya kilichopo na kisichokuwapo. Ndoa zake mbili zilivunjika. Aliingia na kutoka Fountain House, nyumba ya Lahore inayowatunza wagonjwa wa akili na kuwafundisha kuishi tena na watu. Mwaka 2005 mwanawe wa pekee, kijana wa miaka kama ishirini, aliuawa mjini humo.

Magazeti yalipenda kuusimulia mkasa huu kwa namna mbili. Ya kwanza: tazama, msomi wa saikolojia amepata wazimu! Huo ni utani wa bei rahisi. Daktari wa malaria naye huumwa na mbu. Ya pili: kifo cha mtoto ndicho kilichomtia wazimu. Hii inapendeza masikio, kwa sababu kila mzazi anaielewa, lakini ugonjwa ulikuwapo kabla ya msiba. Msiba uliukuta mwili umekwisha choka, ukauongezea mzigo. Tofauti hiyo si ndogo. Tukisema ni msiba tu, basi tunamwonea huruma na kwenda zetu. Tukisema ni maradhi, hapo inabidi tuulize dawa, muuguzi, na nani analipa.

Sasa nije kwenye kamera ya pili. Tangu mwaka 2002, sheria mpya ilipowaruhusu watu binafsi, Pakistani imepata vituo vingi vya televisheni, vyote vinatafuta watazamaji. Baadhi ya watu wao walimfuata Roohi nyumbani. Wakampiga picha akiwa amechoka, hajajitengeneza, akizungumza jambo hili na kurukia lile. Wakamwuliza habari za mwanawe, naye akajibu. Wakarusha hewani.

Watatetea kwamba alikubali. Mimi nauliza: alikubali nani? Mtu ambaye ugonjwa wake ni huohuo wa kutojua kilichopo na kisichokuwapo anakubali vipi? Mgonjwa wa mguu nitamwomba ruhusa, atanipa au atanifukuza. Mgonjwa huyu hana mlango wa kufunga. Nakubali kwamba picha zile ziliwakumbusha watu kwamba yuko hai na ana shida. Lakini shida inaweza kuelezwa na daktari wake, au ndugu yake, au sisi wenyewe kwa maneno yetu, bila kumvua mtu hadhi mbele ya taifa lililowahi kumpigia makofi. Katika studio ya Lahore kamera ilimsogelea uso akiwa amejiandaa, amesoma maneno, anajua atakalotoa na atakaloficha. Nyumbani kwake ilimsogelea uleule uso, naye hakuwa na maneno ya mwandishi wala chaguo la kuficha. Machozi yalifanana, na ndiyo maana watazamaji wengine walidhani wanaona kipaji kilekile.

Roohi Bano alifariki Istanbul, nchini Uturuki, tarehe 25 Januari 2019, baada ya figo kushindwa kazi, akiwa na miaka 67. Baadhi ya michezo yake ya zamani imesalimika na inatazamika leo kwenye intaneti. Anayetaka kumjua aanze na hiyo. Mahojiano yale ya nyumbani ninamsihi ayapite.