Wito Kwanza, Tuzo Baadaye

Desemba 1901 reli kutoka Mombasa ilifika ukingo wa Ziwa Viktoria, mahali palipoitwa Port Florence, ambapo leo ni Kisumu. Shehena za Uganda na za pwani zikawa zinapishana bandarini, na penye biashara hapakosi mgogoro wa uzito, ubora au malipo. Mfanyabiashara hupendelea shauri lake likatwe na mtu anayeijua bidhaa, upesi, bila foleni ya mahakama. Mwaka 1914 serikali ya kikoloni ikatunga sheria ya usuluhishi, kwa kuiga ile ya Uingereza ya 1889.

Lakini je, upande mmoja usipofika mbele ya msuluhishi?

Msingi wa jibu uliwekwa zamani. Mwaka 1723 mahakama ya Uingereza ilisikiliza malalamiko ya msomi Richard Bentley, aliyevuliwa shahada zake na Chuo Kikuu cha Cambridge bila kuitwa ajitetee. Jaji Fortescue alikumbusha kwamba hata Mungu hakumhukumu Adamu kabla ya kumwita na kumuuliza. Bentley akarudishiwa shahada zake.

Hata hivyo, mahakama zetu hazikutaka kila aliyeshindwa akimbilie kwa jaji. Mwaka 1967, katika kesi ya kampuni ya Rashid Moledina ya Mombasa na kampuni ya Hoima Ginners, Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki ilisisitiza kuwa majaji wasiwe wepesi kuingilia tuzo, yaani uamuzi wa msuluhishi. Waliokubaliana kumpa msuluhishi shauri lao wanapaswa kuupokea uamuzi wake. Sheria ya Kenya ya 1968 ilibakisha mlango mwembamba: tuzo ingetanguliwa kama msuluhishi alikiuka wajibu wake au kama ilipatikana isivyo halali.

Sheria ya 1995, iliyofuata kielelezo cha Umoja wa Mataifa cha 1985, ndiyo iliyouchora mlango huo waziwazi. Kifungu cha 26 kinamruhusu msuluhishi kuendelea mdaiwa asipotokea, ila kimya chake kisihesabiwe kuwa amekiri deni. Mdai bado atahitaji ushahidi. Kifungu cha 35 kinamlinda ambaye hakupewa taarifa ipasavyo ya kuteuliwa kwa msuluhishi au ya kikao, au aliyezuiwa kwa namna nyingine kueleza upande wake. Anayo miezi 3 tangu kupokea tuzo kuomba Mahakama Kuu iitangue.

Hapo ndipo penye haki yote. Asiyeitwa amedhulumiwa; aliyeitwa akakaa nyumbani amechagua. Sheria haiwezi kuwapima kwa mizani moja, la sivyo kila mwenye deni angekwepa kikao ili kuchelewesha malipo.

Vijijini kando ya ziwa tofauti hiyo ilionekana katika ardhi. Sheria ya 1990 iliwapa wazee wa mabaraza migogoro ya mipaka na matumizi ya mashamba. Madai yalipaswa kumfikia mdaiwa, naye apewe siku 30 za kujibu. Uamuzi ulisajiliwa kwa hakimu na kugeuka hukumu. Fikiria mwenye shamba anayefanya kazi Nairobi au Mombasa: asipofikiwa na barua ya madai, habari ya kwanza angeipata mipaka ikiwa imeshasogezwa. Mahakama Kuu ya Kisumu ilipokea maombi mengi ya kufuta maamuzi ya mabaraza, hadi sheria hiyo ilipofutwa mwaka 2011.

Katiba ya 2010, ibara ya 159, imezitaka mahakama ziendeleze usuluhishi, na leo mkataba wa kujenga nyumba Milimani, Kisumu, unaweza kuwa na kifungu kinachowapeleka mwenye kiwanja na mkandarasi kwa msuluhishi. Anayesaini na aandike anwani anakopatikana kweli, na akihama aitangaze mpya. Msuluhishi naye ahifadhi ushahidi wa kila wito aliopeleka. Tuzo iliyotolewa upande mmoja hupata nguvu kutokana na wito huo. Pasipo wito, haistahili kuitwa haki.