Msitu wa stori wa Wakipsigis: Aliingia mwanamuziki wa Marekani, akatoka nusu mtu nusu swara

Ukipanda matatu pale Chepseon ukielekea Kericho mjini, utaona majani chai mpaka macho yachoke. Lakini kuna sehemu moja ya hii mitaa huwezi kuipata kwa ramani ya simu, hata ukiwa na bando ya mwezi mzima. Ni ule msitu wa stori za usiku, ule ambao kogo akianza kuusimulia watoto wanasongea moto. Sheria yake ni moja tu: kitu kikiingia humo, hakitoki vile kilivyoingia.

Kama hujawahi kuusikia, hizi hapa ndizo habari zake muhimu.

Uko wapi?

Uko kwa mdomo wa msimulizi. Stori za Wakipsigis, kama za Wanandi na Wakalenjin wengine, zilipitishwa kwa masikio miaka mingi kabla mtu aziandike. Hakuna karatasi ya kusema hii ndiyo stori yenyewe, hiyo nyingine ni feki. Kila msimulizi anapewa ile aliyoachiwa, anaongeza chumvi yake, anapitisha. Ndiyo maana jitu moja linaweza kuwa na sura tatu kwa vijiji vitatu.

Mwenye msitu ni nani?

Ni Chemosit. Mwingereza A. C. Hollis aliandika habari zake kwa kitabu chake kuhusu Wanandi kilichotoka 1909. Cheki hii sura: nusu mtu, nusu ndege, mguu mmoja, makalio tisa, na mdomo mwekundu unaowaka usiku kama taa. Usiku anaimba. Watoto wakisikia wanadhani kuna ngoma mahali, wanafuata sauti, na hapo ndipo wanaliwa.

Inachekesha, lakini fikiria mzazi aliyeishi kando ya msitu wenye chui na fisi. Chemosit alikuwa soja wa usiku asiyedai mshahara.

Kisha walowezi wa Kizungu wakaisikia hii stori mwanzoni mwa miaka ya 1900. Wao nao wakaipindua. Makalio tisa yakapotea, mguu ukaongezeka, na ghafla Chemosit akawa mnyama mkubwa wa manyoya anayeitwa dubu wa Nandi. Watu waliapa wamemwona, wengine wakasema ni fisi tu. Mzoga haujawahi kupatikana mpaka leo. Na huku nyumbani jina likashuka kabisa ardhini: kule upande wa Bureti kuna mto unaitwa Chemosit na senta inaitwa Chemosit. Makanga anaita hilo jina mchana kweupe na hakuna mtoto anayelia.

Na huyo Mmarekani?

Hapa sasa ndipo kuna moto. Jimmie Rodgers alizaliwa Mississippi mwaka wa 1897. Alifanya kazi kwa reli kabla ya kuwa staa wa muziki wa kantri, na alijulikana kwa kurusha sauti juu na chini katikati ya wimbo. Kifua kikuu kilimuua mwaka wa 1933, akiwa na miaka 35. Hakuwahi kukanyaga Kenya.

Lakini santuri zake zilifika Kericho, zikachezwa kwa gramafoni. Wasee wakasikia sauti bila kuona mwili. Jina Jimmie Rodgers likapita kwa ulimi wa Kikipsigis likatoka Chemirocha. Sikiliza huo mwanzo wake: Che-, kama Chemosit, kama Chepseon yenyewe. Jina lilishapata kitambulisho cha nyumbani.

Mwaka wa 1950, Hugh Tracey, aliyekuwa akizunguka Afrika akirekodi muziki, alifika Kapkatet. Alirekodi nyimbo zaidi ya moja zenye jina la Chemirocha. Kwa maelezo yake, jina hilo lilikuwa limeanza kutumika kwa kitu chochote kipya na cha ajabu. Ile iliyopata jina kubwa zaidi iliimbwa na Chemutoi Ketienya na wasichana wenzake, ikipigiwa kinanda cha nyuzi. Humo Chemirocha ni nusu mtu nusu swara, na wasichana wanamhimiza aruke dansi mpaka atoke kwa nguo zake.

Walimwabudu?

Zii. Huko nje stori imesimuliwa kana kwamba Wakipsigis walifanya santuri kuwa mungu. Lakini angalia wimbo wenyewe unafanya nini. Unamwambia mgeni acheze mpaka nguo zimvuke! Hiyo ni maombi ama ni utani? Wasichana walichukua staa wa watu, wakamvika miguu ya swara, wakamchezesha kwa uwanja wao. Waliosema "mungu" nao walikuwa wanaongeza chumvi yao.

Kwa nini hii kitu ni muhimu?

Kwa sababu sauti za hao wasichana ziliondoka. Rekodi zilihifadhiwa Afrika Kusini, kwa maktaba ya muziki wa Kiafrika ambayo Tracey alianzisha 1954. Watu wa mbali waliusikia wimbo huo, na huku ulikotoka wengi hawakuwa nayo hata nakala moja. Ni kuanzia 2014 ambapo maktaba hiyo, ikishirikiana na Ketebul Music ya Nairobi, ilianza kurudisha rekodi za Tracey kwa jamii zilizorekodiwa Kenya. Hesabu mwenyewe: zaidi ya miaka 60. Msichana wa 1950 alikuwa ameshakuwa kogo, kama bado alikuwa hai.

Hapo ndipo shida ya huu msitu ilipo. Stori yake inaweza kubadilishwa na yeyote: kogo, mlowezi, mwenye rekodi, hata wewe. Lakini ukinyamaza, wengine ndio wataibadilisha, na wewe utakuja kuisoma kama mgeni.

Kwa hivyo ukienda ushago hii Desemba, muulize kogo Chemosit wa kwao alikuwa na miguu mingapi. Washa simu, mrekodi na ruhusa yake, na umwachie nakala.