Ousmane Sembène na Gharama ya Herufi Moja

Ousmane Sembène, aliyezaliwa Ziguinchor nchini Senegal mwaka 1923, aliingia katika sinema akiwa tayari mwandishi wa vitabu. Alikuwa amepakua mizigo bandarini Marseille, akatoa riwaya yake ya kwanza mwaka 1956, na mwaka 1960 akaandika Les bouts de bois de Dieu, hadithi ya mgomo wa wafanyakazi wa reli wa miaka ya 1947 na 1948. Zote zilikuwa kwa Kifaransa, na hiyo ndiyo iliyokuwa dhiki yake: wengi wa wale aliowaandika hawakuweza kumsoma. Basi, karibu na umri wa miaka arobaini, akaenda Moscow kujifunza kutengeneza filamu.

Kamera peke yake haikumwondoa katika lugha ya mkoloni. Katika La Noire de... ya mwaka 1966, msichana Diouana, mtumishi wa nyumbani huko Ufaransa, huwaza kwa Kifaransa fasaha, ilhali mbele ya waajiri wake hutamka maneno machache tu. Kasoro hii ilirekebishwa katika Mandabi, mwaka 1968. Mzee Ibrahima Dieng aletewa hawala ya faranga 25,000 na mpwawe aliyeko Paris. Hajui kusoma, hana kitambulisho, na kila ofisi yamtaka karatasi iliyoandikwa kwa lugha asiyoijua. Fedha zampotea. Wahusika wanena Kiwolof. Lakini sehemu ya gharama ilitoka Ufaransa, na filamu ikapigwa mara mbili, kwa Kiwolof na kwa Kifaransa.

Yafaa tukumbuke kwamba Sembène alikuwa mtunzi na pia mwenye kampuni, Filmi Domirev. Kwa mtu wa namna hii, kuchagua lugha ni kuchagua pia soko, na soko la Kiwolof halikuwa pana. Hata hivyo alizidi kujifunga: mwaka 1971 alishirikiana na mwanaisimu Pathé Diagne kuanzisha Kaddu, gazeti la Kiwolof.

Ndipo ilipokuja Ceddo, mwaka 1977. Serikali ya Rais Senghor, ambaye mwenyewe alikuwa mshairi na bingwa wa sarufi, ilishikilia kwamba neno hilo liandikwe kwa d moja. Sembène akakataa, na filamu ikazuiwa nchini Senegal. Wengi husema herufi ilikuwa kisingizio, kwa kuwa filamu yamwonyesha imamu akinyakua utawala na kuwasilimisha watu kwa nguvu. Huenda ni kweli. Lakini sisi wanafunzi wa lugha tusiharakishe kuicheka d ile. Katika Kiwolof urefu wa konsonanti hutenganisha maana, kama ilivyo kwa jirani zetu Waganda, ambao kwao okuta ni kuachilia na okutta ni kuua. Ni nani basi mwenye haki ya kuamua tahajia: wasemaji na wataalamu wao, au amri ya serikali?

Senghor aliondoka madarakani mwishoni mwa 1980, na baadaye filamu ikaruhusiwa. Sembène hakutoa filamu nyingine ndefu hadi Camp de Thiaroye, mwaka 1988, aliyoiongoza pamoja na Thierno Faty Sow kwa fedha za Senegal, Algeria na Tunisia. Alifariki Dakar mwezi Juni 2007. Nyumba yake aliipa jina Galle Ceddo, kwa d mbili.